Miezi mitatu ya kupinga uamuzi wa msuluhishi huanza lini?

MTU aliyeshindwa mbele ya msuluhishi ana miezi mitatu pekee ya kuiomba Mahakama Kuu iubatilishe uamuzi huo, na wapo wanaoipoteza miezi hiyo kabla hata hawajausoma uamuzi wenyewe.

Muda huo umewekwa na kifungu cha 35 cha Sheria ya Usuluhishi ya mwaka 1995, kinachosema kuwa hesabu huanza siku mhusika anapoupokea uamuzi. Neno "kupokea" laonekana jepesi, lakini ndilo linalowaponza watu.

Chanzo ni ada. Msuluhishi hulipwa na wanaozozana wala si na serikali, na kifungu cha 32B kinamruhusu kuuzuia uamuzi wake hadi alipwe kikamilifu. Hivyo basi, akishamaliza kuuandika, huziarifu pande zote kwa barua kwamba uamuzi u tayari, na kwamba salio la ada ni kiasi fulani.

Chukua mfano wa mkandarasi aliyezozana na mwenye ploti kuhusu malipo ya ujenzi. Barua inamfikia Februari. Ama hana pesa, ama anashuku kuwa ameshindwa na haoni sababu ya kulipia habari mbaya. Anaitia kwenye droo. Mwezi Juni anakopa, analipa, anauchukua uamuzi na kukimbilia kwa wakili akidhani siku zake ndiyo kwanza zinaanza kuhesabiwa.

Zilikwisha Mei. Mahakama Kuu imeamua katika kesi kadhaa, ikiwemo ya Transworld Safaris dhidi ya Eagle Aviation iliyowasilishwa mwaka 2003, kwamba mtu huchukuliwa kuwa ameupokea uamuzi pale anapoarifiwa kuwa u tayari. Vinginevyo aliyeshindwa angekataa tu kulipa, na aliyeshinda angebaki akisubiri bila kikomo.

Sheria inatoa afueni moja. Ndani ya siku 30 tangu kupokea uamuzi, mhusika anaweza kumwomba msuluhishi asahihishe makosa ya hesabu au ya uandishi. Akifanya hivyo, miezi mitatu huanza siku ombi hilo linapoamuliwa.

Zaidi ya hapo, sheria haimpi jaji uwezo wa kuongeza muda, na kifungu cha 10 kinaikataza mahakama kuingilia usuluhishi ila pale sheria yenyewe inaporuhusu. Ugonjwa au uzembe wa wakili, ambao katika kesi za kawaida huenda ukasikizwa, hapa haufui dafu.

Uingereza ni tofauti. Huko muda ni mfupi zaidi, siku 28, ila jaji anaweza kuuongeza. Nigeria iliokolewa na mwanya huo. Mwaka 2017 wasuluhishi waliiamuru iilipe kampuni ya P&ID dola bilioni 6.6 kwa mkataba wa gesi ulioporomoka. Nigeria ilichelewa kwa karibu miaka mitatu, lakini mwaka 2020 mahakama ya London iliiruhusu kupinga kwa sababu ya dalili za ulaghai. Mnamo Oktoba 2023, deni lilipokuwa limefika takriban dola bilioni 11 pamoja na riba, jaji alikubali kwamba uamuzi ulipatikana kwa ulaghai.

Mkenya aliyechelewa hivyo angesalia na kifungu cha 37 pekee, kinachomruhusu kupinga utekelezaji mwenzake anapokwenda mahakamani kudai malipo. Huko ni kujitetea tu, kwani uamuzi wenyewe haubatilishwi.

Hata anayefika mapema hasikizwi upya. Jaji hutazama mambo machache: kwa mfano iwapo mhusika hakupewa notisi, iwapo msuluhishi aliamua asiyopelekewa, iwapo kulikuwa na hongo au ulaghai, au iwapo uamuzi unakiuka maslahi ya umma. Kutoka hapo, njia ya Mahakama ya Rufaa nayo ni nyembamba: katika kesi ya Nyutu Agrovet dhidi ya Airtel, iliyohusu zaidi ya Sh541 milioni, Mahakama ya Juu ilisema Desemba 2019 kwamba rufaa kama hiyo itakubaliwa kwa nadra mno.

Kuhusu ada, anayeona kuwa imezidi hana haja ya kuiacha barua ikae. Anaweza kuweka fedha zinazodaiwa mahakamani na kuiomba Mahakama Kuu iamue kiasi kinachostahili.