Maadili ya Mkalimani Asiye Mgeni: Ukalimani katika Mabaraza, Mahakama na Zahanati Wilayani Same

Utangulizi

Katika Milima ya Upare, shauri la ardhi linaweza kuanza kwa lugha moja na kumalizikia katika lugha nyingine. Shamba likigombaniwa Mbaga, Vudee au Chome, wahusika hukutana kwanza mbele ya Baraza la Kata. Baraza hilo, kwa mujibu wa Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002, huwa na wajumbe wasiopungua 4 na wasiozidi 8, na watatu kati yao sharti wawe wanawake. Wajumbe ni watu wa hapohapo. Mzee anayejieleza kwa Chasu huko anaeleweka, na hakuna anayefikiri kwamba kuna suala la lugha. Tangu marekebisho ya sheria ya 2021, baraza hilo linasuluhisha tu. Halitoi tena uamuzi. Suluhu isipopatikana, shauri huteremka hadi Same mjini, kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambako mwenyekiti anaweza kuwa ametoka mkoa wowote wa nchi hii. Mzee yuleyule sasa anahitaji mtu wa kumsemea, naye hutafutwa miongoni mwa waliopo: mjukuu aliyemsindikiza, karani aliyezaliwa Gonja, au jirani aliyekuja kwa shauri lake mwenyewe.

Makala haya yanahusu maadili ya mtu huyo. Kanuni zinazofundishwa katika taaluma ya ukalimani, yaani usahihi, kutopendelea, kutunza siri na kukataa kazi yenye mgongano wa maslahi, zimejengwa juu ya dhana ya mkalimani mgeni, ambaye akimaliza kazi hatakutana tena na wahusika. Katika wilaya ya milimani, mjuzi wa Chasu asiyejuana na upande wowote ni vigumu kumpata. Tunadai kwamba hali hiyo haiziondoi kanuni hizo, lakini inabadili mpangilio wa uzito wake. Ugeni hauwezi kudaiwa. Kinachoweza kudaiwa ni uwazi wa uhusiano na usahihi usioyumbishwa na heshima.

Ukalimani usioonekana

Ni jambo la fahari kwamba Tanzania ina lugha moja inayowaunganisha watu wake. Fahari hiyo, hata hivyo, ina upande wake wa pili. Kwa kuwa Kiswahili kinachukuliwa kuwa lugha ya kila mtu, mwananchi asiyekimudu vema haonekani katika mipango ya huduma. Mwajiriwa mwenye cheo cha mkalimani wa Chasu au Kimaasai hatarajiwi katika zahanati au ofisi ya kata. Kazi yenyewe lakini inafanyika. Inafanywa na muuguzi kati ya mgonjwa mmoja na mwingine, au na mtoto wa shule aliyetumwa amsindikize bibi yake, bila malipo na bila jina lake kuandikwa popote. Huko tambarare, kuelekea Mto Ruvu, hali ni hiyohiyo kwa wafugaji wanaozungumza Kimaasai, na kwao tofauti ya lugha ni kubwa zaidi kwa kuwa Kimaasai si lugha ya Kibantu.

Sheria haijalisahau jambo hili kabisa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inaagiza kwamba ushahidi ukitolewa kwa lugha asiyoielewa mshtakiwa aliyepo mahakamani, utafsiriwe kwake waziwazi kwa lugha anayoielewa. Sheria ya Viapo, Sura ya 34, inamtaka anayekalimani ushahidi ale kiapo kama shahidi. Baraza la Kiswahili la Taifa, lililoundwa kwa sheria ya 1967, nalo limepewa dhima ya kusimamia tafsiri na ukalimani. Mkazo wa taasisi hiyo, hata hivyo, umekuwa katika Kiswahili na lugha za kigeni, na hilo linaeleweka. Matokeo yake ni kwamba anayetafsiri cheti cha ndoa kwenda Kiingereza ana utaratibu wa kuthibitishwa, ilhali anayekalimani maneno ya shahidi wa Kipare katika shauri la mauaji ana kiapo tu.

Usahihi mbele ya heshima

Katika kanuni zote, hii ndiyo inayojaribiwa zaidi Same, kwa sababu inagongana na malezi mema. Kijana aliyelelewa vizuri hasemi mbele ya watu wazima maneno aliyoyasema bibi yake kuhusu mwili wake. Hutafuta neno la tafsida. Bibi naye, kwa adabu hiyohiyo, alikwisha kutumia tafsida katika Chasu kabla kijana hajafungua kinywa. Daktari anapokea tafsida ya tafsida, na dalili iliyotajwa inaweza kupotea katikati.

Tatizo hili liliwahi kufika mbele ya mahakama kubwa, tena si mbali na hapa. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyoketi Arusha, ilitoa hukumu katika kesi ya Jean-Paul Akayesu tarehe 2 Septemba 1998. Mashahidi wengi walizungumza Kinyarwanda, na majaji walisikiliza kwa Kifaransa na Kiingereza. Katika hukumu yao walitenga sehemu ya kujadili lugha. Waliomba ushahidi wa mtaalamu wa isimu, Mathias Ruzindana, na walichambua maana ya maneno kadhaa, yakiwemo yale ambayo mashahidi waliyatumia kuelezea kubakwa. Baadhi ya maneno hayo, katika matumizi ya kawaida, yalikuwa na maana pana au ya staha. Majaji hawakumwachia mkalimani aamue peke yake kwamba neno fulani maana yake ni ubakaji. Waliliweka neno mezani, wakauliza. Ndiyo kesi ambayo kwa mara ya kwanza ubakaji ulihukumiwa kuwa tendo la mauaji ya kimbari. Neno la staha lingepita bila kuulizwa, sehemu hiyo ya hukumu ingekuwa na msingi dhaifu.

Utaratibu huo unafaa pia katika chumba kidogo cha mahakama ya mwanzo. Tuchukue neno la ukoo. Shahidi wa Kipare, kama ilivyo kwa jamii nyingi za Kibantu, anaweza kumwita ndugu wa baba yake “baba”. Akisema shamba alipewa na baba yake, mkalimani ana njia tatu. Anaweza kusema “baba” na kunyamaza, na hakimu akaandika kwamba shamba ni urithi wa mtoto. Anaweza kusema “baba mdogo” kwa sababu anaijua familia, na hapo amekwisha kutoa ushahidi ambao hakuulizwa. Njia ya tatu ni kusema “baba”, kisha kuieleza mahakama kwamba neno hilo katika lugha ya shahidi lina maana mbili, na kuiomba imwulize shahidi mwenyewe. Njia hii ya mwisho pekee ndiyo ya kimaadili. Inamtaka mkalimani akiri mbele ya watu kwamba hakutafsiri kikamilifu, jambo gumu kwa kijana anayetaka aonekane anaijua lugha ya babu zake.

Upare inajua gharama ya neno lililohamishwa vibaya. Katika miaka ya 1940 utawala wa Waingereza na watemi wa Upare walianzisha kodi iliyopangwa kwa viwango kulingana na mali ya mtu, wakaiita mbiru, jina la toleo ambalo Wapare wa kale walikuwa wakiwapelekea watawala wao. Kuchagua jina hilo kulikuwa tendo la tafsiri: jambo jipya lilivishwa neno la zamani ili lipokelewe. Halikupokelewa. Mwaka 1945 maelfu ya wanaume waliteremka kutoka milimani wakapiga kambi Same, makao makuu ya wilaya, na upinzani uliendelea mpaka kodi ikaondolewa. Mwanahistoria Isaria Kimambo, ambaye alilichapishia kitabu suala hili mwaka 1971, ameeleza sababu nyingi za upinzani ule, na tusijidai kwamba jina peke yake ndilo lililouleta. Hata hivyo walioandamana walikuwa wanajua mbiru ni nini, na walijua kwamba kile walichotozwa sicho.

Siri na uhusiano

Juu ya siri, sheria imesema jambo la kufikirisha. Sheria ya UKIMWI (Kuzuia na Kudhibiti) ya 2008 inapoorodhesha watu wanaolazimika kutunza siri za hali ya mtu anayeishi na virusi, inawataja waziwazi wakalimani wa lugha ya alama. Ni hatua ya kupongezwa. Mkalimani wa lugha ya kijamii hakutajwa, huenda kwa sababu haikufikiriwa kwamba katika nchi ya Kiswahili atakuwapo. Mpwa anayemkalimania shangazi yake mbele ya mnasihi anatoka humo na habari ambayo shangazi asingependa ifike nyumbani, na hakuna aliyemwapisha.

Je, mpwa huyo akataliwe? Miongozo mingi ya kitaaluma ingesema ndiyo bila kusita. Sisi tunasita. Kumkataa pale ambapo hakuna mwingine ni kumwacha mgonjwa bila sauti, na hilo nalo ni kosa la kimaadili. Lakini mgonjwa apewe nafasi ya kuchagua kabla ya mazungumzo kuanza, mpwa akiwa nje, na aulizwe kwa ishara na maneno machache ya Chasu ambayo mhudumu yeyote anayefanya kazi mlimani anaweza kujifunza kwa wiki moja. Mtoto mdogo asitumike kamwe. Hatuoni udhuru wowote wa kumweka mtoto wa miaka 10 kati ya mama yake na habari ya ugonjwa.

Kanuni ya kutumia nafsi ya kwanza nayo inastahili kutazamwa upya. Mkalimani hufundishwa kusema “mimi” anapomsemea mwingine, ili asikike mhusika mwenyewe. Mjukuu anayesema “mimi niliolewa mwaka wa njaa” mbele ya bibi yake huwachekesha watu, na bibi hudhani anadhihakiwa. Kwa mkalimani ndugu, “bibi anasema” si kosa, mradi kinachofuata kiwe ni cha bibi tu.

Kumbukumbu za shauri

Kabla ya 2021, hakimu wa mahakama ya wilaya aliweza kusikia ushahidi kwa Kiswahili na kuuandika kwa Kiingereza. Ushahidi wa Chasu, basi, ulivuka mipaka miwili: wa kwanza kwa mkalimani aliyeapa, wa pili kwa hakimu, ambaye katika kutafsiri hakuwa na kiapo cha mkalimani wala msimamizi. Marekebisho ya 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, huku yakiacha nafasi ya Kiingereza katika mazingira maalumu, yamepunguza mpaka wa pili. Wa kwanza umebaki ulivyokuwa.

Jalada lililoandikwa Kiswahili tu huhifadhi maneno ya mkalimani. Ya shahidi hayamo. Rufaa ikikatwa, Mahakama Kuu huko Moshi inasoma sauti ya mtu ambaye pengine hata jina lake halikuandikwa. Tunapendekeza jambo lisilohitaji bajeti: mwanzoni mwa ushahidi liandikwe jina la mkalimani, lugha aliyoikalimani, kiapo chake na uhusiano wake na kila upande, kwa kujibu swali aliloulizwa mbele ya wote, na pale neno linapobishaniwa, liandikwe lenyewe kwa Chasu kando ya tafsiri yake. Hakimu hahitaji kulielewa. Anahitaji kulihifadhi, ili mtu mwingine anayelijua aweze kuulizwa.