David Raya: Tabia Iliyomponza Wembley Ndiyo Iliyompeleka Arsenal

Agosti 4, 2020. Uwanja wa Wembley hauna mashabiki kwa sababu ya Corona, lakini kinachogombewa ni kikubwa: nafasi moja ya kupanda Ligi Kuu England. Fulham na Brentford zimemaliza dakika 90 bila bao.

Dakika ya 105, Fulham wanapata faulo pembeni kushoto, zaidi ya mita 30 kutoka golini. Kwa umbali ule, karibu kila mtu anasubiri krosi. Kipa wa Brentford, Mhispania David Raya, anasogea mbele na kuelekea katikati ili aiwahi.

Beki wa Fulham, Joe Bryan, hapigi krosi. Anaupeleka mpira moja kwa moja nguzo ya karibu, pale Raya alipotoka. Raya anarudi mbio, lakini ameshachelewa. Bryan anafunga tena baadaye, Brentford wanapata moja la kufutia machozi, mechi inaisha 2-1.

Haikuwa bahati. Fulham walishaona kwamba Raya ana kawaida ya kusimama mbele ya mstari wake, na walimsubiri hapo hapo.

Makipa wengi baada ya kuumbuka vile wangebaki wamegandia mstarini. Raya aliendelea kucheza vilevile, na miaka mitatu baadaye Arsenal walimfuata kwa sababu hiyo hiyo.

Ametokea wapi?

Raya alizaliwa Septemba 15, 1995, Barcelona. Hakupitia akademi maarufu ya FC Barcelona. Alilelewa kisoka Cornellà, klabu ndogo ya huko huko, kisha mwaka 2012, akiwa na miaka 16, akahamia Blackburn Rovers ya England.

Hakupewa namba bure. Mwaka 2014 alitolewa kwa mkopo kwenda Southport, timu ya daraja la tano. Huko mipira mirefu ni mingi, na kipa anayeogopa kugongana hadumu.

Blackburn waliposhuka hadi daraja la tatu mwaka 2017, Raya ndiye aliyekabidhiwa lango. Msimu wa 2017/18 wakapanda. Mwaka 2019 Brentford wakamchukua kwa takriban pauni milioni 3, hela ndogo kwa soko la England.

Kwa nini anasimama mbele?

Sababu ya kwanza ni krosi. Raya ana urefu wa mita 1.83, si mrefu kwa kipa wa Ligi Kuu England, ambako wengi hufika 1.90 na zaidi. Kipa akibaki kwenye mstari na kuacha krosi ifike, mshambuliaji anapiga kichwa akiwa mita tano au sita tu kutoka kwake. Muda wa kuruka unakuwa haupo. Akitoka mapema na kuudaka mpira hewani, kichwa hicho hakipigwi kabisa.

Sababu ya pili ni nafasi nyuma ya mabeki. Timu inayocheza juu, mabeki wakiwa karibu na katikati ya uwanja, inaacha eneo kubwa nyuma yao. Mpira mrefu ukipigwa pale, lazima kipa awe wa kwanza kufika.

Sababu ya tatu ni pasi. Kipa aliye mbele anakuwa mtu wa ziada wa kupokea mpira. Wapinzani wakikaba mabeki wote, anabaki yeye huru, na Raya anaweza kutoa pasi fupi au ndefu bila kubabaika.

Gharama yake ni moja: ukikosea, golini hakuna mtu, na Bryan alionyesha hivyo. Ila fanya hesabu. Krosi huja nyingi kila mechi, wakati shuti la kushtukiza kutoka mbali kama lile ni nadra. Kipa wa aina hii anakubali aibu moja kubwa ili azuie hatari nyingi ndogo ambazo hakuna atakayezikumbuka.

Wembley mara ya pili

Mei 29, 2021, Brentford walirudi fainali ile ile, Raya akiwa golini. Safari hii waliifunga Swansea 2-0 na kurejea ligi ya juu kwa mara ya kwanza tangu 1947. Mechi yao ya kwanza Ligi Kuu, Agosti 13, waliichapa Arsenal 2-0, na Raya hakuruhusu bao.

Oktoba mwaka huo aliumia goti, akakaa nje miezi kadhaa. Alirudi, na Machi 2022 akaichezea Hispania kwa mara ya kwanza dhidi ya Albania, kwenye uwanja wa Espanyol uliopo eneo la Cornellà alikokulia kisoka.

Msimu wa 2022/23 aliokoa mashuti 154, mengi kuliko kipa yeyote wa Ligi Kuu England.

Arsenal: hakupokelewa kwa maua

Agosti 2023 Arsenal walimchukua kwa mkopo wenye kipengele cha kumnunua. Kocha wa makipa wa Arsenal, Iñaki Caña, alikuwa anamjua vizuri, kwani walifanya kazi pamoja Brentford.

Tatizo, lango lilikuwa na mwenyewe. Aaron Ramsdale alikuwa amecheza mechi zote 38 za ligi msimu uliotangulia, na mashabiki walimpenda. Septemba, Mikel Arteta akamweka benchi na kumpa Raya nafasi. Wengi wakauliza: kwa nini ubadili kitu ambacho hakijaharibika?

Oktoba 21 maswali yakazidi. Dhidi ya Chelsea, mpira wa Mykhailo Mudryk kutoka pembeni, uliofanana na krosi, ulimpita Raya juu na kuingia wavuni akiwa amesogea mbele. Mechi iliisha 2-2. Kosa lilikuwa la familia moja na lile la Wembley.

Arteta hakurudi nyuma, na Raya naye hakurudi mstarini. Machi 12, 2024, Arsenal na Porto zilifika kwenye matuta Ligi ya Mabingwa Ulaya. Raya alizuia mawili, Arsenal wakashinda 4-2 na kuingia robo fainali kwa mara ya kwanza tangu 2010.

Msimu huo alimaliza na mechi 16 za ligi bila kuruhusu bao, akabeba Glovu ya Dhahabu. Arsenal wakamnunua moja kwa moja. Kiangazi hicho pia alikuwa kwenye kikosi cha Hispania kilichotwaa Euro 2024, akicheza mechi moja wakati Unai Simón akiwa namba moja.

Msimu wa 2024/25 aliipata tena glovu ile, akigawana na Matz Sels wa Nottingham Forest kwa mechi 13 kila mmoja.

Na anayedhani Raya ni hodari wa kutoka tu, airudie mechi ya Atalanta ya Septemba 19, 2024. Alipangua penalti ya Mateo Retegui, kisha akaruka upande wa pili na kuutoa mpira wa kichwa uliofuata. Mechi ikaisha 0-0.

Siku Arsenal wakipigiwa faulo ya pembeni, usimwangalie mpigaji peke yake. Angalia Raya amesimama wapi. Kama yuko hatua tatu mbele ya mstari, usishtuke. Hapo ndipo mahali pake pa kazi.