Michaela Coel: Mwanadada aliyekataa mamilioni ya Netflix

HEBU jiweke katika viatu vyake. Una miaka 29. Umelelewa na mama peke yake katika nyumba za baraza la mji, mashariki mwa London. Sasa Netflix wako kwenye simu na wanakupa Dola 1 milioni, zaidi ya Sh100 milioni kwa thamani ya wakati huo, ili uwauzie tamthilia ambayo ungali unaiandika. Unajibu nini?

Wengi wetu tungekuwa tayari tumetuma nambari ya akaunti.

Michaela Coel alikataa. Ilikuwa 2017, na shida haikuwa kiasi cha hela bali hakimiliki: Netflix walitaka yote. Akamuuliza mwanamke aliyekuwa upande wa pili wa simu kama angeweza kubakishiwa asilimia tano tu. Kimya. Kisha akaambiwa huo si utaratibu wao, hakuna anayefanya hivyo, na kwamba si jambo kubwa. Yeye naye akajibu kwamba kama si jambo kubwa, basi wampe hiyo asilimia tano.

Akashuka hadi mbili. Akashuka hadi moja. Akafika nusu asilimia. Mwanamke yule akasema itabidi awaulize wakubwa, halafu kabla ya kukata simu akamwambia kwamba anajivunia yeye, na kwamba anafanya jambo linalofaa. Michaela alisimulia kisa hiki mwenyewe katika mahojiano ya 2020. Alieleza pia jinsi alivyowafuta kazi mawakala wake wa Marekani, baada ya kung'amua kwamba walimsukuma akubali mkataba ule huku na wao wakiwa na chao kilichofichwa ndani yake.

Ukitaka kujua alipata wapi ujasiri huo, lazima urudi nyuma kidogo.

Alizaliwa London mnamo Oktoba 1, 1987, na wazazi kutoka Ghana. Mtaa aliokulia uko karibu na benki na majumba makubwa ya fedha ya jiji hilo, lakini hela za huko hazikuwa zikivuka barabara kuja kwao. Mamake alikuwa akifanya kazi ya usafi huku akisoma. Binti alipelekwa kwenye vipindi vya uigizaji vya watoto katika ukumbi mmoja wa karibu kwa sababu moja rahisi: vilikuwa vya bure, na mama angepata pa kumwacha. Hivyo ndivyo alivyoingia jukwaani. Hakuna ndoto iliyoanza akiwa na miaka minne mbele ya kioo, kama tunavyopenda kusomewa kuhusu mastaa.

Alipokuwa msichana mkubwa akaokoka, tena wokovu wa kipentekoste ule wa moto. Akaanza kuandika na kughani mashairi katika kumbi za London kwa jina la Michaela The Poet. Alijaribu chuo kikuu, Birmingham, akaacha. Mwaka wa 2009 akapata nafasi Guildhall, chuo maarufu cha muziki na uigizaji jijini London. Alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kupokelewa katika kozi hiyo kwa miaka mitano. Mwenzake darasani alikuwa Paapa Essiedu, kijana mwingine wa asili ya Ghana ambaye baadaye aliigiza Hamlet na kampuni ya Royal Shakespeare. Lishike jina hilo, tutalirudia.

Chuoni mambo hayakuwa laini. Michaela amesimulia kwamba mwalimu mmoja aliwahi kutumia lile neno la matusi kwa watu weusi katikati ya zoezi. Na majukumu aliyokuwa akipewa hayakufanana na maisha aliyoyajua. Kwa hivyo, ulipofika wakati wa kazi ya mwisho ya masomo, akajiandikia mchezo wake. Aliuita Chewing Gum Dreams, hadithi ya Tracey, msichana wa miaka 14 wa mtaa wa Hackney, na wahusika wote akawaigiza yeye mwenyewe.

Mchezo huo ulionyeshwa 2012 katika Yard, ukumbi mdogo wa Hackney Wick. Miaka miwili baadaye ulikuwa umefika National Theatre, jukwaa ambalo waigizaji wengi Uingereza hustaafu bila kulikanyaga. Mwaka huo huo wa 2014 alirudi hapo kuigiza yaya katika Medea, akiwa na Helen McCrory. Runinga nayo ilikuwa imeshamwona, kwani alikuwa ameonekana katika Top Boy.

Kisha Channel 4 wakautaka mchezo wake uwe kichekesho cha runinga. Chewing Gum ilianza 2015 katika stesheni yao ya E4. Tracey sasa ni mkubwa, mlokole wa miaka 24 anayetaka kujua mapenzi ni nini na hajui aanzie wapi. Ukiwa umekulia kanisa la keshani, utacheka hadi ujishike mbavu, kisha utajiuliza kama ni dhambi. Mwaka wa 2016 alishinda tuzo mbili za BAFTA kwa kazi hiyo, na akapanda jukwaani akiwa amevaa gauni la kitambaa cha kente lililoshonwa na mamake.

Lakini nyuma ya pazia kulikuwa na mambo. Waigizaji watano weusi na wa asili nyingine zisizo za kizungu walirundikwa katika gari moja la kubadilishia nguo, huku mzungu mmoja akipewa lake peke yake. Michaela alilalamika hadi wakaongezewa magari.

Na kulikuwa na usiku mmoja.

Alikuwa akiandika msimu wa pili, ofisini, usiku wa manane, kwani kipindi kilitakiwa asubuhi. Akatoka kidogo kupata kinywaji na rafiki. Alipopata fahamu saa nyingi baadaye, alijikuta akiendelea kuandika. Kisha kumbukumbu zikaanza kurudi vipande vipande: kinywaji kilikuwa kimetiwa dawa, na alikuwa amedhulumiwa kingono na watu asiowajua. Akaomba tarehe ya kukabidhi kazi isogezwe mbele. Ilisogezwa.

Haya yote aliyasema hadharani Agosti 2018 huko Edinburgh, alipotoa mhadhara wa MacTaggart, ambao kila mwaka huwakusanya wakubwa wa runinga ya Uingereza. Alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kuutoa. Wengi waliotangulia walizungumzia sera na mapato. Yeye alizungumzia magari ya kubadilishia nguo, kile kilichompata, na jinsi watu wanaosimulia hadithi zao wanavyoachwa bila umiliki wowote.

Mwaka huo huo aliigiza Black Earth Rising, tamthilia ya BBC inayotuhusu sisi wa ukanda huu kwa karibu. Humo yeye ni Kate Ashby, mtoto aliyeokolewa katika mauaji ya kimbari ya Rwanda na kulelewa na wakili Mwingereza, ambaye akiwa mtu mzima anaanza kuchimba ukweli wa alikotoka. Kwangu hiyo ndiyo kazi yake ambayo haijasifiwa vya kutosha. Ni nzito, inakwenda polepole, na uso wake unaibeba.

Turudi kwa ile simu. Baada ya kuwakataa Netflix, alipeleka wazo lake BBC. Wakampa yote aliyoyataka: usemi wa mwisho, kiti katika meza ya watayarishaji, na haki zake. Aliandika nakala 191 kabla ya kuridhika. I May Destroy You ilitoka Juni 2020, vipindi 12, BBC na HBO. Yeye ndiye Arabella, mwandishi kijana anayejaribu kukumbuka kilichompata usiku mmoja katika baa. Rafiki yake Kwame anaigizwa na nani? Paapa Essiedu, yule wa darasani.

Tamthilia hii haikupi mhalifu rahisi wa kuchukia. Arabella mwenyewe hukosea, huwaumiza wengine, hujificha ndani ya simu. Kuna wakati utamkasirikia. Halafu utakumbuka mtu unayemjua.

Golden Globes za 2021 hazikuiteua hata mara moja, ilhali Emily in Paris iliteuliwa. Kelele zilizopigwa zilikuwa kubwa, na hata mwandishi mmoja wa Emily in Paris alijitokeza gazetini kusema hiyo ilikuwa makosa. BAFTA wakampa tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Septemba mwaka huo akawa mwanamke mweusi wa kwanza kushinda Emmy ya uandishi wa tamthilia fupi. Alisoma maneno machache kutoka kwenye karatasi, akiwahimiza waandishi waandike kile kinachowatisha na wasiogope kutoweka machoni pa watu kwa muda, kisha akaikabidhi hadithi yake kwa manusura wote wa dhuluma za kingono.

Tangu hapo ameigiza Aneka katika Black Panther: Wakanda Forever (2022), na mwaka wa 2024 akapata Emmy nyingine kama mwigizaji mgeni katika Mr. & Mrs. Smith.

Kama hujawahi kumtazama, anza na Chewing Gum. Vipindi ni vifupi, misimu ni miwili tu, na utaimaliza wikendi moja. Ila vaa vipokea sauti. Si ya kutazamwa sebuleni na mathe.