Je, Wajua? Lupita aliongoza filamu kabla ya Oscar

Watu wengi wanamjua Lupita Nyong'o kama mwigizaji. Je, wajua kwamba ni mwongozaji pia?

• Akiwa na miaka 14, aliigiza Juliet jukwaani na kundi la Phoenix Players, Nairobi.

• Filamu ya The Constant Gardener (2005) ilipopigwa Kenya, yeye alikuwa nyuma ya kamera, akifanya kazi za usaidizi.

• Mwaka 2009 alitoa In My Genes, filamu ya hali halisi kuhusu maisha ya watu wenye ualbino nchini Kenya. Aliiandika, akaiongoza na kuitayarisha mwenyewe. Mwaka huohuo aliigiza katika tamthilia ya Shuga, na akaongoza video ya wimbo wa Wahu na Bobi Wine, The Little Things You Do.

• Machi 2014 alishinda Oscar kwa filamu ya 12 Years a Slave, akawa Mkenya wa kwanza kushinda tuzo hiyo kwa uigizaji.

Mtaa wa Karen, Nairobi, nao una mfano wake wa mwigizaji aliyegeuka mwongozaji. Out of Africa, filamu ya 1985 kuhusu mwandishi Karen Blixen, aliyeishi huko hadi 1931, iliongozwa na Sydney Pollack, aliyeanza kama mwigizaji. Ilitwaa Oscar 7, ikiwemo ya mwongozaji bora.

Kijana unayependa kuigiza, jifunze kutumia kamera pia. Anayeshika kamera ndiye huamua ni hadithi ya nani itakayosimuliwa.