Kiti Kisicho na Pepo

Katika ngoma ya pepo huku pwani ya Kenya, mgonjwa huitwa kiti. Akishapandwa, mganga humuuliza anayesema kwa kinywa chake: wewe ni nani, na wataka nini? Pepo hujitaja, hudai chake, wakapatana. Swali hilo hilo ndilo linaloiendesha Cure, filamu ya Mjapani Kiyoshi Kurosawa ya mwaka 1997, ndiyo maana naamini mtazamaji wa Msambweni ana mlango wake wa kuiingilia.

Watu wasio na doa wanaua. Kila maiti imechanjwa alama ya X kuanzia shingoni, na muuaji hukutwa papo hapo, akakiri, asijue sababu. Mpelelezi Takabe, anayeigizwa na Koji Yakusho, anagundua kwamba wote walikutana na kijana aitwaye Mamiya, aliyewahi kusomea saikolojia na sasa hakumbuki lolote. Mwalimu mmoja alimkuta ufuoni, akamhurumia, akampeleka kwake. Kisha akamuua mkewe.

Mamiya hutumia moto wa kiberiti, maji yanayotiririka, na lile swali: wewe ni nani? Ukijibu kwa kutaja kazi yako, anauliza tena, mpaka cheo kibanduke. Chini yake hatoki pepo mwenye jina. Hutoka kinyongo cha kiti chenyewe. Daktari wa kike anakumbushwa alivyodharauliwa kwa uanamke wake. Anakwenda kumuua mwanamume. Hipnosi halisi haimgeuzi mtu mwanasesere, na kwangu nguvu ya filamu iko hapa: Mamiya hapandi kitu, anafunua tu.

Kamera nayo haitishi. Polisi anampiga mwenzake risasi mchana kweupe, nasi tunatazama kwa mbali, bila muziki, kama jirani aliyeketi barazani. Nyumbani kwa Takabe mkewe mgonjwa huwasha mashine ya kufulia ikiwa tupu. Mume aliyechoka huizima, kimya, kila mara. Mamiya anausikia uchovu huo upesi kuliko Takabe mwenyewe.

Kwetu pia kinyongo hujificha. Kwale na Kilifi wazee wameuawa kwa tuhuma za uchawi, na mara nyingi nyuma ya tuhuma pamekuwa na ugomvi wa shamba. Jina la mchawi hutajwa kwa sauti, la shamba halitajwi. Naumia kila nikilifikiria hilo ninapoitazama filamu hii.

Mwishoni Takabe ameketi mkahawani. Chakula ambacho hapo awali hakukigusa, leo amekimaliza chote. Nyuma yake mhudumu anapita, akachukua kisu.