Shelisheli: Aldabra isiyoonekana katika filamu

Atazamaye filamu za Aldabra, visiwa vya matumbawe vilivyo mbali kusini-magharibi mwa Shelisheli, huona kobe wakubwa wakijikokota kuelekea kivulini, na ndege mwenye koo jeupe asiyeweza kuruka, wa mwisho wa namna hiyo katika visiwa vya magharibi mwa Bahari ya Hindi. Mtu haonekani. Picha hizo ni za kweli, ila hazisemi yote.

Mwaka 1956 tuzo kuu ya Cannes ilikwenda kwa filamu ya Jacques-Yves Cousteau, Le Monde du silence, ambayo sehemu yake ilipigwa katika kisiwa jirani cha Assomption. Ndani yake mabaharia wanapanda migongo ya kobe na kuwaua papa, kamera ikiwatazama. Tuzo ilitolewa hata hivyo.

Baadaye Uingereza ilikusudia kujenga Aldabra uwanja wa ndege za kijeshi. Wanasayansi walipinga vikali. Mpango ukaachwa Novemba 1967, siku chache baada ya pauni kushushwa thamani.

Adui wa leo hahitaji uwanja. Mwaka 2019 watu wa kujitolea walizoa huko tani 25 za plastiki: nyavu na kamba za wavuvi, na malapa maelfu kwa maelfu. Watafiti walikadiria kuwa zilibaki takriban tani 500. Wakazi ni watumishi wachache tu wa hifadhi. Taka huletwa na mikondo ya bahari, kwenye fukwe zilezile ambako kasa hupanda kutaga mayai.