Salongo ya wazee, motivasio ya vijana

Tangazo la kazi ya kanisa likisomwa Jumapili, hapa kwetu Kasongo na hata Kabambare, maswali yanayofuata ni mawili. Mzee anauliza: tunaanza saa ngapi? Kijana anauliza: motivasio iko? Wazee husikia swali hilo la pili kama tusi. Mimi pia nilikwisha kulikaripia mimbarani, na leo naona kwamba nilikosea.

Neno hilo la Kifaransa ni la kueleza jambo linalomsukuma mtu moyoni. Katika nchi yetu limekuwa jina la feza kidogo anayopewa mtu asiyekuwa na mshahara. Vijana hawakulitunga wao. Tazama wale tunaowaita RECO, wanaotembelea nyumba kwa ajili ya zone ya afya. Siku za kawaida wanazunguka bure. Ikifika kampeni ya chanjo ao ya kugawa vyandarua, wanapata kitu kidogo kwa siku. Kijana aliyekulia katika hali hiyo anauliza tu kama leo ni siku ya kampeni ao siku ya kawaida.

Wazee nao wanasema, "Sisi tulifanya salongo bila kulipwa." Ni kweli hawakulipwa. Lakini salongo ya wakati wa Mobutu ilikuwa amri, na asiyefika aliogopa azabu. Tusiiite kujitolea. Urizi mzuri wa wazee wetu ni ule wa kulimiana: leo shamba lako, kesho langu, na mwenye shamba anapika bugali na sombe kwa wote. Pale hakuna aliyeamrishwa. Wala hakuna aliyerudi nyumbani na njaa, na jambo hilo tunapenda kulisahau.

Mzee mwenye shamba na watoto wakubwa anaweza kutoa Jumamosi yake. Anataka pia aonekane kati ya wenzake, na akifa wamzike vizuri, si vibaya. Kijana anayeishi kwa pikipiki ya kukodi, akikosa siku moja, bado anadaiwa malipo ya mwenye pikipiki. Mwenzake amekwisha kwenda kwenye machimbo ya dhahabu upande wa Namoya. Mwingine, aliyemaliza masomo, anatafuta cheti cha kuonyesha kwamba alifanya kazi fulani. Lakini hao hao wanaimba katika kwaya mara tatu kwa juma, na wanajinunulia sare wenyewe! Kwaya ni yao. Wanachagua viongozi wao na kupanga saa zao. Kazi ya kufyeka kiwanja inaamuliwa na wazee, kijana anaitwa kushika panga tu.

Tunapenda kuhubiri Nehemia 3, namna kila jamaa ilivyojenga sehemu yake ya ukuta, hata Shalumu pamoja na binti zake. Tusome pia sura ya 5. Nehemia alikataa posho ya liwali, na mezani pake walikula watu 150. Aliomba watu nguvu zao, naye akawapa watu chakula.

Basi kabla ya tangazo lingine, komite ikae pamoja na vijana, ikubaliane nao siku ngapi, nani anapika, nani anasimamia. Kama nauli haiko, itangazwe mbele ya wote kwamba haiko.